Dakika Ishirini na Saba Baada ya Nyundo

Risiti ilikuwa ndogo, ya aina ile ambayo mtu hupewa benki akishaweka fedha, na wino wake ulikuwa haujaanza kufifia. Pembeni juu ilichapwa tarehe, na kando ya tarehe ilichapwa saa: 12.07. Yule bwana aliishika kwa mikono miwili, akamsogezea dalali mpaka karibu na kifua, akasema kwa sauti ya mtu aliyekuja mbio: "Nimelipa. Nyumba yangu nimeikomboa."

Dalali hakumfokea. Aliisoma risiti mbele na nyuma, akamrudishia, kisha akamwambia kwa upole ambao mpaka leo sijui kama ulimpunguzia uchungu au ulimzidishia: "Nyundo ya mnada imelia saa tano na dakika arobaini, bwana. Nyumba imeshapata mnunuzi."

Mnunuzi huyo alikuwa Mjomba wangu, ameketi kwenye kiti cha plastiki hatua tatu kutoka pale, kalamu mkononi.

Nami nilikuwa nimesimama nyuma ya kiti chake.

Wiki nane zimepita tangu asubuhi ile ya Malindi, na katika muda wote huo sijapata kulala vizuri. Si kwamba naamini tulifanya dhuluma. Nimesoma, nimeuliza, nimesoma tena, na kila nilipodhani nimefika mwisho wa jambo nilikuta kuna mlango mwingine. Naandika kwa sababu wengi wetu huku pwani tunaweka nyumba rehani tukiwa na picha moja kichwani kuhusu maana ya kukomboa, na sheria ina picha nyingine, na tofauti ya picha hizo mbili ndiyo iliyomfikisha yule bwana barazani kwa dalali akiwa na fedha kamili mkononi na nyumba hana.

Tangazo nililolisoma mimi

Mjomba hasomi magazeti. Mimi ndiye niliyeliona tangazo la mnada, mimi ndiye niliyempigia simu Lamu, na mimi ndiye niliyemsomea mstari kwa mstari: nyumba ya mawe, vyumba vinne, kisima uani, upande wa Shella, Malindi. Alikuwa ametafuta nyumba Malindi kwa miaka mitatu. Kila safari ya hospitali ilimlazimu yeye na mkewe kuvuka kwa boti hadi Mokowe, kisha basi kupitia Witu na Garsen, na umri wao hauruhusu tena safari za namna hiyo kila mwezi. Alikuwa ameuza mashua na kipande cha shamba. Fedha alikuwa nazo.

Siku ya mnada walikuja watu saba, na kati yao watatu tu ndio waliotaja bei. Dalali alisoma masharti ya mauzo kuanzia mwanzo hadi mwisho: atakayeshinda atalipa robo ya bei papo hapo kwa hundi ya benki, na salio atalimaliza ndani ya siku tisini, na akishindwa robo ile hairudi. Bei ilianza chini, ikapanda kwa laki mbilimbili, mpaka Mjomba akasema milioni nne na laki sita, na wengine wawili wakanyamaza. Dalali akarudia mara tatu. Akagonga meza kwa nyundo ndogo ya mbao ambayo kichwa chake kilikuwa kimefungwa utepe mweusi kwa sababu kilikuwa kimepasuka.

Ule mgongo ndio nilioutazama baadaye kila nilipofumba macho: mgongo wa Mjomba ukishuka, kama mtu aliyetua mzigo.

Baada ya kama nusu saa, yule bwana akaingia.

Kabla ya makubaliano

Kifungu cha 102 cha Sheria ya Ardhi ya Kenya ya mwaka 2012 ni kifupi kuliko nilivyotarajia. Kinasema kwamba kabla mdai, yaani aliyekopesha, hajafikia makubaliano na mnunuzi yeyote ya kuuza ardhi iliyowekwa rehani, aliyeiweka, au mtu mwingine mwenye haki hiyo, anaweza kuiondolea rehani kwa kumlipa mdai fedha zote ambazo rehani hiyo inazidhamini wakati wa kulipa.

Nilikisoma kifungu hicho usiku, siku ya tatu baada ya mnada, kwenye nakala niliyoazimwa na wakili mmoja ambaye nilisoma naye shule. Mimi ni mwalimu; sheria sikuisomea. Lakini nilipofika kwenye neno "makubaliano" nilisimama, kwa sababu nilikumbuka jambo.

Nyundo ilipolia, Mjomba hakutia saini papo hapo. Karani wa dalali alikuwa anajaza hati ya mauzo kwa mkono, akakosea namba ya kiwanja, akachukua fomu nyingine. Yule bwana alipoingia na risiti yake, kalamu ilikuwa mkononi mwa Mjomba lakini karatasi ilikuwa bado tupu mahali pa saini. Saini ilitiwa baada ya dalali kumjibu.

Basi nikajiuliza: makubaliano yalifikiwa lini? Nyundo ilipolia, au wino ulipogusa karatasi?

Swali hili lilinishika kwa siku kadhaa, na nakiri kwamba lilinipa matumaini. Sheria ya Mikataba ya Kenya, katika kifungu chake cha 3, inataka mkataba wowote wa kuuza ardhi uwe wa maandishi, utiwe saini na pande zote, na saini zishuhudiwe. Bila hayo hakuna kesi inayoweza kufunguliwa juu yake. Nikawaza: kama ndivyo, basi saa sita na dakika saba palikuwa hakuna mkataba, palikuwa na sauti tu ya mbao juu ya mbao, na fedha za yule bwana zilikuwa zimeshaingia benki. Haki yake ilikuwa hai.

Nilimpigia wakili nikiwa na furaha. Aliniacha nimalize, kisha akaniambia nisome kifungu kilekile mpaka mwisho.

Mwisho wake unasema kwamba sharti hilo la maandishi halihusu mkataba uliofanywa katika mnada wa hadhara na dalali anayetambuliwa na Sheria ya Madalali ya mwaka 1996.

Mstari mmoja, na mlango ukafungwa. Katika mnada, nyundo ndiyo saini. Mahakama zetu zimelishikilia jambo hili mara nyingi: nyundo ikishaanguka, haki ya kukomboa imekwisha, na aliyeonewa katika utaratibu hubaki na haki ya kudai fidia kwa mdai aliyeuza. Mnunuzi, asiyehusika na kosa hilo wala hakulijua, analindwa na kifungu cha 99.

Miezi ambayo haikusikika

Mtu anaweza kusema: dakika ishirini na saba ni kidogo, lakini yule bwana hakupewa dakika, alipewa miezi. Ni kweli, na sitaki kuificha.

Chini ya kifungu cha 90, mtu akishakosa kulipa kwa mwezi mmoja, mdai anaweza kumpa notisi ya kumtaka alipe, na notisi hiyo haiwezi kumpa chini ya miezi mitatu. Ikipita bila malipo na mdai akaamua kuuza, kifungu cha 96 kinamtaka atoe notisi nyingine, ya kuuza, isiyopungua siku arobaini, na nakala yake impate mke au mume wa mwenye nyumba, mpangaji kama yupo, na mdhamini. Kisha dalali naye, kwa Kanuni za Madalali za mwaka 1997, humpa mwenye mali notisi ya siku arobaini na tano za kukomboa, na hata hizo zikiisha mnada hauwezi kufanyika kabla ya siku kumi na nne tangu tangazo la kwanza gazetini. Ukizipanga moja baada ya nyingine, unapita nusu mwaka kidogo tangu barua ya kwanza mpaka nyundo.

Nilikutana na yule bwana wiki ya tatu, mwenyewe kwa hiari yake, nje ya msikiti baada ya Alasiri. Nilikuwa nimejiandaa kulaumiwa. Hakunilaumu. Alinikaribisha chai kwenye kibanda cha jirani, akatoa bahasha ya kaki iliyokunjwa mara mbili, akanipa barua zote nizisome kwa sababu alisikia kwamba mimi ni mwalimu.

Zote zilikuwa za Kiingereza.

Barua ya kwanza ilikuwa na kurasa tatu. Aliipeleka kwa kijana wa duka la simu amsomee, na kijana akamwambia kwamba benki inamkumbusha deni. Ya pili aliiona inafanana na ya kwanza, akaiweka. Ya tatu, ile ya dalali, ndiyo iliyomshtua, kwa sababu ilibandikwa mlangoni na ndani yake kulikuwa na namba aliyoielewa: 45. Mkopo ulikuwa wa kununua injini mbili na jokofu la samaki. Injini moja ilikufa kusi ya mwaka jana, na malipo yakaanza kuteleza. Alizitumia siku zile arobaini na tano kuzunguka kwa ndugu, na aliyemwokoa alikuwa dada yake aliyeko Muscat, ambaye fedha zake zilifika asubuhi ile ile ya mnada.

Katiba yetu, katika kifungu cha 7, inasema Kiswahili ni lugha ya taifa na ni lugha rasmi pamoja na Kiingereza. Sheria ya Ardhi inataka notisi imweleze mpokeaji ipasavyo: kosa ni lipi, anadaiwa kiasi gani, muda ni upi, na anaweza kuiomba mahakama nini. Kumweleza ipasavyo mvuvi wa Malindi kwa Kiingereza cha kurasa tatu ni kumweleza nani? Nasema hivi kwa uchungu, kwa sababu barua zile nilizisoma zote na hakuna hata sentensi moja ambayo isingeweza kuandikwa kwa Kiswahili chepesi na mtu yeyote mwenye elimu ya kidato cha nne. Kama ningekuwa na uwezo wa kubadilisha jambo moja tu katika habari hii yote, ningebadilisha hilo, hata kabla ya kuigusa nyundo.

Kisha katika barua ya dalali niliona jambo ambalo sikumwambia siku ile.

Kiasi alicholipa, milioni mbili na laki moja na arobaini elfu, ndicho kilichoandikwa kwenye notisi ile. Lakini chini yake paliandikwa kwamba riba inaendelea na gharama zitaongezwa. Kifungu cha 102 kinasema fedha zote, wakati wa kulipa. Zilikuwa zimepita karibu siku sitini tangu tarehe ya barua. Kwa hiyo hata angewahi, hata risiti yake ingechapwa 11.07 badala ya 12.07, angekuwa amepungukiwa, na benki ikitaka kushika sheria kwa ukamilifu wake ingeweza kusema kwamba rehani haijakombolewa.

Nilikunywa chai yangu nikamrudishia bahasha.

Vikuku katika kitambaa

Mjomba ana kisa ambacho nimekisikia tangu utotoni. Baba yake alipougua, mama yake, yaani nyanya yangu, alipeleka vikuku vyake vya fedha kwa sonara wa Lamu, huko Langoni, akapewa fedha za kumsafirisha mgonjwa Mombasa. Sonara alivifunga katika kitambaa cheupe, akaandika jina juu yake kwa wino, akakiweka kwenye sanduku. Walipatana miezi sita. Nyanya alivikomboa baada ya miaka miwili. Mjomba ndiye aliyetumwa kuvichukua, na anasema kitambaa kilikuwa kimeingia manjano lakini fundo lilikuwa lilelile alilofunga sonara.

Hiyo ndiyo rehani tuliyolelewa nayo. Kitu kinatoka mkononi mwako lakini hakitoki katika jina lako, na neno kukomboa halina saa ndani yake. Mateka hukombolewa, mtu akawa huru. Hakuna anayeuliza ni saa ngapi.

Picha hii ina mizizi mirefu. Qur'ani, katika sura ya Al-Baqara, inataja rehani iliyokabidhiwa pale ambapo mwandishi wa deni hakupatikana, na aya tatu kabla yake inasema kwamba mdaiwa akiwa na dhiki apewe muda mpaka afarijike. Ipo pia hadithi ya Mtume isemayo kwamba rehani haifungwi ikampotea mwenyewe aliyeiweka: faida yake ni yake na hasara yake ni yake. Watu wa zama za kabla ya hapo walikuwa na desturi kwamba muda ukipita bila malipo, kitu kinakuwa cha mdai moja kwa moja, na hadithi hiyo ikaikata desturi ile. Nilishangaa nilipokuta Sheria ya Ardhi, kifungu cha 89, inasema jambo lilelile kwa maneno ya mawakili: kanuni yoyote inayompa mdai nguvu ya kuifunga haki ya kukomboa na kuichukua ardhi iwe yake imepigwa marufuku.

Nilitaka kusimama hapo, niseme kwamba dini na mila ziko upande mmoja na sheria ya benki iko upande mwingine. Lakini si kweli, na wiki ya tano niliulizia kwa sheikh anayesomesha fiqhi, yaani sheria ya Kiislamu, ya madhehebu ya Shafi'i ili nipate uhakika. Alinieleza kwamba deni likifika muda na mdaiwa asilipe, rehani huuzwa. Mwenyewe huombwa auze au alipe, na akikataa kadhi humlazimisha. Mdai huchukua haki yake, na kinachozidi hurudi kwa mwenyewe. Na mauzo yakishakamilika, mnunuzi ni mmiliki.

Kwa hiyo sonara yule angeweza kuviuza vikuku. Hakuviuza kwa sababu alimjua nyanya yangu.

Kadhi wa leo, hata hivyo, hawezi kuisikiliza kesi ya namna hii. Katiba imempa mambo ya hali ya mtu, ndoa, talaka na mirathi, pale ambapo wote wawili ni Waislamu na wameikubali mahakama yake. Rehani ya benki iko nje ya mlango wake. Wazee wengi niliozungumza nao hawakulijua hilo.

Minada miwili yenye jina moja

Kuna kosa ambalo mimi mwenyewe nililifanya mpaka wakili aliponisahihisha, nalo ni kuita kila mnada "mnada wa mahakama". Mnada ule wa Malindi haukuwa wa mahakama. Benki yenye rehani iliyosajiliwa haihitaji hukumu ili iuze. Inahitaji notisi zake na dalali wake tu.

Mnada wa mahakama ni ule wa mtu aliyeshtakiwa, akashindwa, akatolewa hukumu, na mali yake ikauzwa ili hukumu ilipwe. Hapo nyundo si mwisho. Mauzo ya ardhi katika utekelezaji wa hukumu hungoja mahakama iyathibitishe, na kabla ya hapo upo mwanya wa kuomba yatenguliwe. Asili ya utaratibu huu ni India, ambako sheria nyingi za Kenya zilitoka. Hata rehani zetu nyingi ziliongozwa na sheria ya India ya mwaka 1882 ya uhamishaji wa mali mpaka ilipofutwa mwaka 2012. Kanuni ya 89 katika Amri ya 21 ya sheria ya mashauri ya madai ya India ya mwaka 1908 inasema wazi kwamba mtu ambaye ardhi yake imeuzwa na mahakama anaweza kuirudisha akiweka mahakamani deni lote, pamoja na asilimia tano ya bei kwa ajili ya mnunuzi.

Asilimia tano kwa mnunuzi. Niliposoma hapo niliweka kitabu chini.

Kwa maana hilo ndilo lililokuwa likinisumbua bila kulijua jina lake. Mjomba hakufanya kosa. Aliacha mashua yake, akaja na hundi, akashinda kwa haki. Anayetaka haki ya kukomboa irefushwe ni lazima aseme Mjomba atalipwa nini kwa kusumbuliwa, na watu wale wa mwaka 1908 walilifikiria swali hilo wakalijibu. Asilimia tano ya milioni nne na laki sita ni laki mbili na thelathini elfu. Mjomba angeipokea akarudi Lamu bila kinyongo, na angetafuta nyumba nyingine.

Nakiri kwamba India yenyewe, kwa mikopo ya benki, imekwenda upande mwingine. Sheria yao ya mwaka 2002 inayoziruhusu benki kuuza dhamana zenyewe ilirekebishwa mwaka 2016, na Septemba 2023 Mahakama Kuu kabisa ya nchi hiyo ikaamua kwamba haki ya mkopaji kukomboa inakatika siku notisi ya mnada inapochapishwa, kabla hata ya nyundo. Hoja yao ni kwamba mnada usio na uhakika hauna wanunuzi, na mnada usio na wanunuzi huuza kwa bei ya kutupa, na anayeumia kwa bei ya kutupa ni mkopaji mwenyewe. Hoja hiyo nimeipima sana. Ina uzito. Mjomba asingekuja kutoka Lamu kama angejua kwamba nyundo haina maana.

Hata hivyo naona ipo nafasi kati ya nyundo isiyo na maana na nyundo isiyorudi nyuma. Siku saba, deni lote pamoja na gharama zote, na fungu la mnunuzi juu yake. Bunge likiliweka hilo katika kifungu cha 102, mnunuzi atajua anachokijia, benki haitapoteza hata shilingi, na mtu ambaye fedha za dada yake zimefika asubuhi ya mnada hatapoteza nyumba kwa sababu ya foleni ya benki.

Deni limelipwa, nyumba imeuzwa

Sasa tazama hali ilivyo. Fedha za yule bwana zimo benki, zimeingia kwenye akaunti ya mkopo. Deni limebaki na mkia mdogo wa riba na gharama. Kifungu cha 101 kinapanga fedha za mauzo zitumike vipi: gharama za kuuza, kisha deni, na kinachobaki hupewa aliyeweka rehani. Mjomba akimaliza kulipa, karibu fedha zote za Mjomba zitaishia kwa yule bwana.

Atakuwa mtu aliyelipa deni lake, akapoteza nyumba yake, na ana milioni nne ambazo hakuziomba.

Nilipolielewa hili ndipo nilipoacha kuisoma sheria. Benki imeshapata fedha zake. Kama mauzo yangefutwa leo, haina inachopoteza isipokuwa karatasi. Dalali anadai ujira wake, na ujira unaweza kulipwa. Mtu pekee ambaye neno lake lina uzito katika jambo hili ni mzee mmoja wa Lamu mwenye miaka sabini na mbili, na mtu aliyemwita Malindi ni mimi.

Nilisafiri wiki ya sita. Nilimkuta barazani kwake Mkomani, mguu mmoja juu ya kigoda kwa sababu ya goti. Nilimsalimu shikamoo, nikaketi, nikamweleza yote kuanzia bahasha ya kaki mpaka asilimia tano, na sikumwomba kitu. Alisikiliza akitazama ukuta wa mbele. Swali lake la kwanza halikuwa la sheria.

"Ndani mna watu?"

"Mna mkewe na watoto wanne, Mjomba. Na mama yake."

Alinyamaza mpaka muuza maji akapita na punda wake na njia ikawa tupu tena.

"Wewe wajua kwamba nikijitoa mwenyewe, ile robo yaenda," alisema. Milioni moja, laki moja na hamsini elfu. Nusu ya mashua.

"Najua. Ndiyo maana sikuomba kitu."

Akaniuliza kama nimemsikia sheikh akisema habari ya ikala. Nikamwambia sikuuliza. Akanieleza yeye: mnunuzi na muuzaji wakiridhiana kuivunja biashara yao baada ya kufungwa, hiyo ndiyo ikala, na imepokewa kwamba anayemkubalia Muislamu mwenzake jambo hilo, Mwenyezi Mungu atamsamehe kuteleza kwake Siku ya Kiyama. "Lakini ni lazima waridhike wawili," alisema. "Mimi ni mmoja. Muuzaji wangu ni benki."

Ndipo alipoingia ndani, akakaa kitambo, akarudi na kitambaa. Sikukijua mpaka alipokifungua, kwa kuwa maisha yangu yote nilikuwa nimekisikia tu. Vikuku hamna tena, viligawanywa katika mirathi. Kitambaa alikiweka yeye. Jina la nyanya limefifia, herufi mbili za mwanzo tu ndizo zinazosomeka. Hakusema neno. Alikikunja, akakitia mfukoni mwa kanzu, akaniambia nimtafutie yule wakili wangu kwenye simu.

Barua imeandikwa, kwa Kiswahili, na nakala ya Kiingereza imeambatishwa. Inasema kwamba mnunuzi yuko tayari kuyaachia mauzo iwapo benki itamrudishia robo yake kamili, na aliyeweka rehani yuko tayari kulipa riba iliyobaki pamoja na gharama zote za mnada na ujira wa dalali. Yule bwana ametia saini chini ya saini ya Mjomba. Asilimia tano aliitoa mwenyewe mezani, Mjomba akakataa kuipokea, na wakabishana juu yake kwa muda mrefu kuliko walivyojadili jambo lingine lolote.

Benki haijajibu. Wakili anasema faili imepelekwa makao makuu Nairobi. Masharti ya mauzo hayakusimama kwa ajili ya barua, na kama jibu halitapatikana itambidi Mjomba alipe salio au apoteze alichokwisha kulipa. Leo asubuhi nimehesabu kwenye kalenda ya ukutani: zimebaki siku thelathini na nne.